Machipuko ya Mikhail Kaufman

Aliyeitazama filamu mashuhuri ya Dziga Vertov ya mwaka 1929, ile ya mtu na kamera yake, amekwisha kumwona Mikhail Kaufman, huenda bila ya kulijua jina lake. Ndiye yule mpigapicha azungukaye mjini na kamera begani. Vertov alikuwa nduguye wa damu. Sifa zilimwendea mkubwa, na mdogo akabaki kivuli ndani ya kazi aliyoipiga picha kwa mikono yake mwenyewe. Baada ya filamu hiyo, ndugu hao walifarakana.

Kaufman alizaliwa Białystok mwaka 1897, lakini kazi inayompa haki ya kukumbukwa ni ya Ukraine. Mwaka huo huo wa 1929, chini ya shirika la filamu la Ukraine lililoitwa VUFKU, aliitoa *Navesni*, yaani "Wakati wa Machipuko", filamu ya maisha halisi iliyopigwa Kyiv.

Ndani yake hamna kisa wala shujaa. Theluji inayeyuka, sanamu ya theluji inaporomoka, maji yanafurika, matumba yanapasuka, watoto wanacheza nje. Mpenzi wa mashairi hatapata tabu kuifuata, kwani picha huitikiana ndani yake mithili ya vina: mwendo wa maji huitikiwa na mwendo wa watu, na chipukizi la mti huitikiwa na uso wa mtoto. Vertov hupanga picha ili ajenge hoja, aghalabu kwa haraka. Kaufman huingoja picha mpaka ikomae, na katika kungoja huko ndimo ulimo ushairi wake.

Hata hivyo, filamu hii ina kasoro yake. Sherehe za Pasaka, pamoja na ulaji na ulevi wake, zimewekwa mkabala na maandamano ya Mei Mosi, ili mtazamaji azicheke zile na ayatukuze haya. Hapo mizani inalemaa, kwa kuwa maana imekwisha kuamuliwa kabla kamera haijatazama. Lakini jicho la Kaufman halikuweza kutii amri hiyo kikamilifu. Nyuso za wala Pasaka zina uhai uleule walionao waandamanaji, na mtazamaji huziacha kwa shida.

Mwaka 1931 alitoa *Kampeni Isiyo Kifani*, filamu iliyosifu viwanda vipya na mashamba ya pamoja. Mwaka uliofuata ilianza njaa kuu ya 1932 na 1933, iliyozaliwa na siasa zizo hizo za kuwanyang'anya wakulima nafaka, na mamilioni ya watu wa Ukraine wakafa. Haiwezekani kuisifu sanaa ya Kaufman na kulinyamazia jambo hili. Msanii aliyejua kuyatazama maisha bila ya kuyaharakisha aliutoa ujuzi wake kuwatumikia walioyaharakisha kwa nguvu.

Kwa miaka mingi *Navesni* ilidhaniwa imepotea, mpaka nakala yake ilipopatikana katika hifadhi ya filamu mjini Amsterdam. Anayeitazama leo huwaona watoto wa Kyiv wakichezea maji ya theluji, nao hawajui yajayo. Kaufman naye hakuyajua. Aliwatazama tu, kwa subira na kwa mapenzi, na kwa dakika hizo chache hakuwataka wawe mfano wa jambo lolote.