Hadithi za Timu Ndogo, na Namna Tuzisimuliavyo

Tumezoea kupima mashairi na vitabu, tukasema hiki ni chema na hiki kina kasoro. Hadithi zisimuliwazo barazani na shuleni hatuzipimi, nazo ndizo zinazokaa moyoni mwa vijana kuliko kitabu chochote. Hapa Visiga, na katika vijiji vya Kibaha na Kisarawe vyenye uwanja na milingoti miwili kila upande, hakuna hadithi ipendwayo kama ile ya timu ndogo iliyowashinda wakubwa. Mimi nami naipenda. Walakini naona husimuliwa nusu, na nusu iachwayo ndiyo yenye faida kwetu.

Chukueni habari ya Tukuyu Stars. Ligi ya taifa ilianza mwaka 1965, na mataji mengi yamekwenda Dar es Salaam, kwa Simba na Yanga. Mwaka 1986 timu hii ya mji mdogo wa Rungwe, nchi ya chai na migomba na mvua nyingi, ilikuwa imetoka tu kupanda daraja, ikatwaa ubingwa. Msimulizi akifika hapo hupaza sauti, wasikilizaji hupiga makofi, basi hadithi imekwisha. Ukimwuliza, "Kisha ikawaje?" hana neno. Yaliyofuata ni haya: wachezaji wake kadhaa walichukuliwa na timu kubwa za Dar es Salaam, timu ikashuka daraja, wala haijatwaa taji hilo tena. Tena husimuliwa kana kwamba ilikuwa bahati ya siku moja, hali ligi ni mechi nyingi, nyumbani na ugenini, na bahati haiwezi kusafiri na timu mwaka mzima.

Huenda mtu akasema, "Hiyo ni timu ya mji, sisi wa shule yatuhusu nini?" Mpira wa vyuo si mgeni kwetu. Vijana wa chuo cha Kiungani, Unguja, walikuwa wakiucheza kabla ya mwaka 1900, na chuo hicho ndicho kilichohamia Minaki, Kisarawe, mwaka 1925. Lakini hadithi ya chuo kidogo kilichokuwa bingwa, ambayo habari zake zimehifadhiwa mwanzo hata mwisho, nimeikuta mbali, Marekani, nayo yafaa kuwekwa karibu na ile ya Tukuyu.

Huko, juu ya mlima katika jimbo la Tennessee, kuna chuo cha Kanisa la Episcopal kiitwacho Sewanee. Mpira wao si huu wetu: una umbo la yai, huchukuliwa mikononi, na ushindi huhesabiwa kwa alama. Mwaka 1899 timu ya chuo hicho ilicheza mara 12 ikashinda zote 12, ikapata alama 322 na kufungwa 10 tu. Alama hizo 10 zote zilitoka kwa timu moja, Auburn, ambayo Sewanee iliishinda kwa alama 11. Wakawa mabingwa wa Kusini.

Wasimulizi wa huko hukaa sana katika juma moja. Alhamisi, tarehe 9 Novemba, vijana hao waliishinda Texas mjini Austin, 12 kwa 0. Ijumaa wakawa Houston, wakaishinda Texas A&M, 10 kwa 0. Jumamosi wakawa New Orleans, wakaishinda Tulane, 23 kwa 0. Jumapili wakapumzika. Jumatatu waliishinda LSU mjini Baton Rouge, 34 kwa 0, na Jumanne, mjini Memphis, wakaishinda Mississippi, 12 kwa 0. Mechi tano katika siku sita, kwa gari la moshi, safari ya maili kama 2,500 kwa jumla, wala hakuna aliyewapata hata alama moja! Husemwa pia kwamba walichukua mapipa ya maji ya chemchemi ya kwao. Kisa cha mapipa kinapendwa mno, nami sikioni kuwa na uzito. Maji hayafungi mtu.

Sababu ya safari hiyo husemwa kwa haraka, kama jambo la kando. Sewanee ilikuwa imegombana na chuo cha Vanderbilt juu ya fedha za viingilio, mechi yao ikavunjika, na Luke Lea, kijana aliyekuwa meneja wa timu, akapanga michezo hiyo mingi ili kuziba pengo la fedha. Basi ule ushujaa unaosifiwa ulikuwa pia deni lililolipwa kwa miili ya wanafunzi. Nawasifu vijana walioweza. Mpango wenyewe siusifu, na mwalimu asimuliaye safari hiyo bila kutaja fedha amewaficha watoto jambo walilopaswa kulijua.

Tena hadithi haikuishia hapo. Sewanee ilijiunga na shirikisho kubwa la vyuo vya Kusini lililoanza michezo yake mwaka 1933. Vyuo vingine vilikuwa vimekua sana, nacho kilibaki kidogo. Kikashindwa katika mechi zote 37 za shirikisho hilo. Mwaka 1940 mkuu wa chuo, Alexander Guerry, akakitoa humo, akakomesha desturi ya kuwalipia watu masomo kwa ajili ya kucheza. Alitaka wachezaji wawe wanafunzi kwanza. Kwangu mimi, uamuzi huo wastahili nafasi kubwa katika hadithi kama mechi zile tano, nao ni watu wachache mno wautajao.

Nasema haya kwa kuwa shauri kama hilo limo vijijini mwetu. Mashindano yakikaribia, huja wazee wenye nia njema wakimshauri mwalimu atafute mamluki wawili watatu, vijana wasiosoma shuleni, wavae jezi ya shule. Wengine huomba mchezaji hodari asamehewe mtihani. Hoja yao ni hadithi ile ile: timu ndogo yaweza kuwashinda wakubwa! Ni kweli yaweza. Ila kombe lililoletwa na mamluki huondoka na mamluki, na mwanafunzi aliyekosa mtihani hubaki nasi.

Mwaka huu niliwasomea wanafunzi wangu habari ya Sewanee yote, ushindi wa mwaka 1899 na zile mechi 37 walizoshindwa. Mvulana mmoja, mlinda mlango, aliuliza kama baada ya kujitoa waliacha kucheza. Nikamjibu kwamba hawakuacha. Wanacheza hata leo, katika daraja la vyuo vidogo, bila mchezaji kulipiwa masomo kwa ajili ya mpira. Akataka kujua kama huwa wanashinda. Nikamwambia, mara nyingine.