Sura na Hofu: Kisa cha Duka la Diani

Mwaka 1998 Corinne Hofmann, mwanamke wa Uswisi, alitoa kwa Kijerumani kitabu cha maisha yake, Die weiße Massai, yaani Mmasai Mweupe. Asimulia kwamba mwaka 1986, akiwa matembezini Kenya, alimwona kijana aitwaye Lketinga katika feri ya Likoni, akampenda papo hapo. Baadaye aliacha biashara yake kwao, akaja kuolewa naye, wakakaa Barsaloi katika nchi kavu ya Wasamburu.

Tutazame kwanza jina la kitabu. Lketinga si Mmasai, ni Msamburu. Makabila hayo ni ndugu kwa lugha na mila, walakini si kabila moja. Wamasai wanajulikana zaidi ng'ambo, na jina lao ndilo lililopamba jalada. Hivyo, kabla ya kufunua ukurasa wa kwanza, msomaji amekwisha kuonyeshwa sura badala ya mtu.

Sehemu yenye mafunzo makubwa ni ya mwisho, ihusuyo maisha ya Diani, Kwale. Huko mume na mke walifungua duka la kuwauzia watalii vitu vya ukumbusho. Mwenye duka hana budi kumchekea mnunuzi. Mume, aonapo tabasamu hilo, hudhani ni la mapenzi. Wivu ukakua hata nyumba isikalike, na mwaka 1990 mwandishi akarudi kwao pamoja na binti yao.

Wivu huo ulitoka wapi? Mwandishi huutafuta zaidi katika tabia na mila za mumewe. Mimi naona chanzo kingine. Wawili hawa hawakuwa na lugha ya pamoja ila Kiingereza kidogo. Basi Lketinga alipendwa kwa sura kabla ya kujulikana kwa maneno. Aliyependwa hivyo ana sababu ya kuhofu, maana macho yaliyomchagua yeye katika feri yaweza kumchagua mwingine dukani.

Kasoro ya kitabu ni kwamba twasikia upande mmoja tu. Mume hasemi kwa kinywa chake. Sifa yake ni kwamba mwandishi hakuficha pupa yake mwenyewe, na ndiyo ituwezeshayo kumpima.

Wahenga walinena kuwa mapenzi ni kikohozi, hayafichiki. Kitabu hiki chaonyesha kwamba hofu nayo ni vivyo hivyo.