Kisiwa Kirukacho cha Laputa: Mtambo, Mvua na Mipaka ya Mamlaka

Sehemu ya tatu ya Gulliver's Travels, kazi ya Jonathan Swift iliyochapishwa London mwaka 1726, inamfikisha msimulizi katika kisiwa cha Laputa, kinachoelea angani juu ya nchi ya Balnibarbi. Uhakiki mwingi wa sehemu hii umejikita katika tashtiti dhidi ya wanasayansi. Mtazamo huo una msingi. Watu wa Laputa wamezama katika hisabati na muziki kiasi kwamba watumishi huwagusa midomo na masikio kwa vibofu vilivyofungwa kwenye vijiti ili wakumbuke kusema na kusikiliza. Hata hivyo, mtazamo huo unauacha mtambo wenyewe kando, kana kwamba kisiwa ni jukwaa tu la vichekesho. Sehemu hii inahoji kuwa maana ya kisiasa ya Laputa imo katika utendaji wa mtambo, na hasa katika mambo ambayo mtambo hauwezi kuyafanya.

Swift anaueleza mtambo huo kwa lugha ya taarifa ya kisayansi. Kisiwa ni cha mviringo, kina kipenyo cha yadi 7,837, na chini yake kuna bamba la adamanti, jiwe gumu mno. Katikati, ndani ya pango la wanafalaki, kuna jiwe la sumaku lenye urefu wa yadi sita, lililopachikwa kwenye mhimili kwa ulinganifu ambao hata mkono dhaifu kabisa unaweza kuligeuza. Ncha inayovuta ikielekezwa chini, kisiwa hushuka; ncha inayosukuma ikielekezwa chini, kisiwa hupanda; jiwe likilazwa sambamba na upeo wa macho, kisiwa husimama. Hakuna uganga wala mizimwi katika maelezo haya. Fantasia imevishwa vazi la vipimo, na vazi hilo ndilo linalomfanya msomaji aukubali utawala wa Laputa kama jambo la kiufundi kabla hajauona kuwa ni utawala.

Uwezo wa mtambo juu ya hali ya hewa unadhihirisha jambo hilo. Mfalme anaweza kukipandisha kisiwa juu ya mawingu ili mvua isikinyeshee, na anaweza kukisimamisha juu ya mji ulioasi ili wakazi wake wakose jua na mvua, wapatwe na njaa na maradhi. Wakizidi kukaidi, hurushiwa mawe makubwa. Hatua ya mwisho ni kukiangusha kisiwa juu ya vichwa vyao. Ikumbukwe kwamba mtambo hauleti mvua mahali popote wala haumpi mtu jua. Nguvu yake yote juu ya hewa ni nguvu ya kuzuia. Kwa hiyo Swift anaunda taswira ya mamlaka isiyozalisha chochote, bali inayoketi kati ya watu na neema ambayo wangeipata bila ya mamlaka hiyo.

Utegemezi wa kisiwa unaikamilisha taswira hii. Divai na vyakula huvutwa kutoka chini kwa kapi, na maombi ya raia hupandishwa kwa kamba nyembamba. Kisiwa hakiwezi kupaa zaidi ya maili nne, wala kuvuka mipaka ya dola ya mfalme, kwa kuwa madini yanayoathiri sumaku yake yamo katika ardhi ya Balnibarbi na sehemu ya bahari iliyo karibu nayo tu. Anga inayoonekana kuwa uhuru kumbe imefungwa na ardhi. Sheria pia humkataza mfalme na wanawe wawili wakubwa kuondoka kisiwani. Mwenye mtambo naye ni mfungwa wa mtambo.

Suala linalohitaji uzingativu mkubwa zaidi ni la matini. Kisa cha mji wa Lindalino, ulioasi na kumshinda mfalme, hakikuchapishwa mwaka 1726 wala katika toleo la Dublin la 1735. Kiliingia katika chapa kwa mara ya kwanza mwaka 1899. Wakazi wa Lindalino wanajenga minara minne, wanaweka mawe ya sumaku juu yake na juu ya mwamba uliochongoka katikati ya mji, kisha wanakusanya kuni nyingi ili kulipasua bamba la adamanti. Kivuli hakiwaumizi, kwa sababu wamehifadhi chakula na mto unapita katikati ya mji wao. Kisiwa kinaposhushwa, mvuto wa minara unawatisha waendeshaji, na mfalme analazimika kukubali masharti. Uhusiano wa kisa hiki na Ireland hauna utata. Silabi mbili za "lin" katika jina hilo ni fumbo la Dublin, ambako Swift alikuwa mkuu wa kanisa la Mtakatifu Patrick tangu 1713, na ambako mwaka 1724 aliandika barua kwa jina la Drapier kupinga sarafu za William Wood, ambazo hatimaye ziliondolewa mwaka 1725.

Je, bila Lindalino mtambo unasomeka kuwa haushindiki? La hasha. Hata toleo la kwanza linaeleza kuwa mfalme huogopa kukiangusha kisiwa, kwa sababu mawaziri wake wana mashamba chini na kwa sababu miamba na minara mirefu inaweza kulipasua bamba. Tofauti ni kwamba katika toleo hilo udhaifu wa mtambo ni hofu ya watawala, ilhali katika kisa cha Lindalino udhaifu huohuo umekuwa maarifa ya watawaliwa. Wamejifunza kanuni ya sumaku na kuigeuza dhidi ya mwenye nayo. Kuondolewa kwa kisa hicho hakukupunguza fantasia. Kulipunguza uwezekano wa raia kuielewa mashine inayowakandamiza.

Pamoja na hayo, ukombozi huo una mipaka ya kiusimulizi. Hakuna mkazi wa Lindalino anayepewa jina wala kauli ya moja kwa moja, na msimulizi anayataja madai yao, yakiwemo ya kujichagulia gavana, kama madai yaliyopita kiasi. Gulliver anasimulia ushindi wa waasi kwa msamiati wa kasri. Kejeli hiyo ni ya Swift, lakini inamtaka msomaji afanye kazi ya kuwasikia watu ambao matini imewaacha kivulini. Uhakiki unaoishia kuwacheka wanahisabati wa Laputa hauwezi kuifanya kazi hiyo, kwa kuwa unabaki juu kisiwani, pamoja na waliolishika jiwe.