Namna ya Kuisikiliza Bendi ya Mfalme

Umati unaojaa uwanja wa kasri la Amalienborg, Copenhagen, huhukumu kwa macho. Ikifika saa sita mchana walinzi wa Mfalme wa Denmark wakianza kupokezana zamu, simu zote huinuliwa kuelekea zile kofia ndefu za ngozi ya dubu, na muziki unabaki kuwa kelele za pembeni. Sare, kwa maoni yangu, ndicho kipimo dhaifu kuliko vyote. Kofia ikinyooka, maana yake kuna afande aliyekagua asubuhi. Haikuambii lolote kuhusu pumzi ya mtu aliye chini yake.

Kikosi hicho cha walinzi kiliundwa mwaka 1658 na Mfalme Frederik wa Tatu. Bendi yake ya sasa ina wanamuziki 36, watu wazima waliosomea kazi na wanaoishi kwa kazi hiyo, tofauti na askari wengi wanaotembea nyuma yao, ambao ni vijana wa kujiunga kwa muda. Bendi haitoki kila siku. Huisindikiza zamu mfalme anapokuwa kasrini; asipokuwepo shughuli hupungua, na zipo siku walinzi hupita bila muziki wowote. Kwa hiyo, kabla ya kupanga matembezi, ulizia kama mwenyewe yupo.

Kisha chagua siku mbaya. Tarehe 26 Mei, siku ya kuzaliwa kwa Mfalme Frederik wa Kumi, watu wamejaa, wanashangilia, na walinzi wamevaa makoti mekundu ya sherehe. Siku kama hiyo hakuna bendi inayopiga vibaya, na hata ikipiga vibaya nani atasikia? Nenda Jumanne moja ya Februari yenye manyunyu, watu wachache, makoti ya kila siku ya buluu iliyoiva. Hapo utaisikia bendi ilivyo.

Usiwasubiri Amalienborg. Walinzi huondoka kambini kwao, karibu na kasri la Rosenborg, saa tano na nusu, wakapita katikati ya mji. Barabara ya Købmagergade ni nyembamba, majengo yamekabana pande zote mbili, na sauti inarudi ukutani kumpiga mpigaji mwenyewe. Huo ndio mtihani wa kwanza. Bendi inayotembea si kundi la watu waliokaa kwenye viti mbele ya mwongozaji. Ni msafara, na sauti ina mwendo wake: hewani husafiri takribani mita 340 kwa sekunde. Aliye mita 17 mbele ya ngoma kubwa anaisikia ikiwa imechelewa sehemu moja ya ishirini ya sekunde. Akiifuata kwa sikio, naye atachelewa, na wewe uliyesimama kando utasikia mdundo umepasuka: mbele wanapiga pigo lao, nyuma wanapiga lao. Wapigaji wazoefu hawaifukuzii ngoma. Pigo wanalichukua miguuni, kwa hatua ya aliye mbele yao. Simama mahali pamoja, waache wakupite wote, kuanzia safu ya kwanza hadi ya mwisho. Kama wimbo haukuyumba wakati wanakupita, umekutana na watu wanaoijua kazi.

Sikiliza pia makabidhiano. Mbele ya bendi hutangulia wapiga ngoma na filimbi ndogo, kundi lenye utamaduni wake, na makundi haya mawili hupokezana: filimbi zikimaliza, ngoma zinashikilia mwendo, kisha bendi nzima inaingia. Bendi ya wastani huingia kwa kishindo na mwendo unaongezeka kidogo, kwa sababu watu wenye pumzi iliyotunzwa wana haraka ya kuitumia. Bendi nzuri huingia ndani ya mwendo uleule, bila kuusukuma. Ukitaka uhakika, tembea sambamba nao kwa hatua zao tangu wakati wa filimbi. Mguu wako utakuambia kabla ya sikio.

Kwenye kona, kama pale wanapogeuka kuingia uwanja wa Kongens Nytorv, wa ndani wanakaribia kukanyaga palepale na wa nje wanavuta hatua ndefu. Wengi hutazama kama mistari imenyooka. Sikiliza tromboni. Aliyenyoosha hatua ghafla, mwili wake unatikisika, na kutikisika kunaingia kwenye noti ndefu kama kigugumizi.

Halafu kuna baridi, ambayo msikilizaji wa pwani ya kwetu hana sababu ya kuifikiria. Hewa iliyopoa ndani ya bomba hushusha sauti ya ala za kupuliza, ila haizishushi zote sawa. Filimbi ni ndogo, pumzi ya mpigaji inaipasha joto mara moja. Tuba ina bomba refu na pana, pumzi ya mtu mmoja haitoshi, kwa hiyo inazama. Siku ya baridi kali pengo linafunguka kati ya juu na chini, na bendi nzima inasikika chungu bila mtu mmoja kuwa na kosa. Dawa yake ni watu: wapiga tuba wanaoendelea kupulizia ala kimyakimya wakati wa mapumziko, na walio juu wanaokubali kushuka kuwafuata wenzao wa chini. Ukiona mpigaji amesimama mguu sawa na mdomo wake hautoki kwenye ala, huyo anafanya kazi.

Ila kipimo changu kikubwa, ambacho ningebaki nacho kama ningeambiwa niache vingine vyote, ni kupiga kwa sauti ya chini. Kupiga kwa nguvu huku unatembea ni jambo la mapafu tu, na hata bendi changa huliweza. Marshi nyingi zina sehemu ya katikati inayotulia, ambapo wimbo unapewa klarineti na horni na ngoma zinarudi nyuma. Hapo ndipo bendi nyingi za ikulu, za wafalme na za marais, hushindwa: hupunguza sauti na pia uhai, wimbo ukawa umelala. Wapo wanaoogopa kabisa kupunguza, wakapiga kila kitu kwa kiwango kimoja tangu mwanzo hadi mwisho. Kwenye uwanja wa Amalienborg, uliozungukwa na majumba manne ya mawe, sauti ndogo iliyoshikiliwa vizuri hufika kila pembe. Bendi ikishapanga mistari na kutulia wakati walinzi wanapokezana, sogea mbali nayo. Ukiwa upande wa pili wa sanamu ya Mfalme Frederik wa Tano na bado unasikia sauti ya kati, zile horni zinazojibu besi kati ya pigo na pigo, zikiwa fupi na zinazolingana, huna haja ya cheti kingine. Ukibahatika ukasikia kipande cha Hans Christian Lumbye, mtunzi wa Copenhagen aliyeanza maisha kama mpiga tarumbeta jeshini, ziangalie horni hizohizo: galopu zake ni za haraka na nyepesi, na mkono mzito unaziua.

Wadenmark wenyewe ni wasikilizaji wakali. Frederik wa Tisa, aliyetawala kuanzia 1947 hadi 1972, alikuwa mwongozaji wa okestra hasa, si wa kushika kijiti kwa ajili ya picha. Na ndani ya bustani ya Tivoli kuna bendi ya watoto iliyoanzishwa 1844, yenye makoti mekundu na kofia za manyoya, ambayo wageni huichanganya na ile ya mfalme. Isikilize ili upate kulinganisha. Watoto wana furaha na wana usahihi, ila noti ndefu bado ni fupi kidogo, pumzi haijakomaa.

Norway, jirani yao, imechagua njia nyingine. Bendi ya walinzi wa mfalme pale Oslo ni ya vijana wanaotumikia jeshi kwa mujibu wa sheria, na wakifanya maonyesho ya gwaride, mistari ikikatana na bunduki zikirushwa, hakuna mtaalamu wa makamo anayewafikia. Mimi bado ningetembea umbali zaidi kwa ajili ya Wadenmark. Anayependa kutazama atachagua Oslo, na sitamlaumu. Hata mabibi na mababu zetu wa Lamu, Mombasa na Tanga, walipoichukua bendi ya kijeshi wakaifanya ngoma ya beni, vikundi kama Marini na Arinoti vikishindana, walishindania mavazi na maringo sawasawa na walivyoshindania tarumbeta.

Turudi Copenhagen. Wimbo wa mfalme unachukua muda mfupi, nao hukosewa kwa namna moja tu: haraka. Angalia wanapovuta pumzi. Wakivuta wote pamoja mwisho wa mstari, wimbo una sentensi. Kila mmoja akivuta anapoishiwa, ni noti tu zinazofuatana.

Umati ukianza kutawanyika, wewe baki. Zamu iliyomaliza kazi hurudi kambini, na bendi huitoa kwa marshi, midomo ikiwa imechoka baada ya mwendo na kusimama kwa muda mrefu. Mdomo uliochoka hujificha katika noti kali na hujifichua katika noti ya mwisho. Sikiliza wanavyoiacha: kama sauti zinakatika pamoja, au kuna mmoja amebaki nyuma akining'inia.