Msimuliaji na Msikilizaji katika Filamu za Amil Shivji: Mtazamo Kutoka Ngara

Kampuni aliyoianzisha Amil Shivji mwaka 2012 inaitwa Kijiweni Productions, na sehemu hii ya tasnifu inalichukua jina hilo kuwa tamko la kisanaa. Kijiweni hukaa watu wasio na ofisi. Filamu fupi ya Shoeshine (2013) inaanzia hapo: jamii inatazamwa kutoka kwa mng'arisha viatu, yaani kutoka chini.

Katika T-Junction (2017) mbinu hiyo imekomaa. Fatima, aliyefiwa na baba ambaye hawakuwa karibu, anakutana hospitalini na Maria, naye Maria anamsimulia habari za watu wa njiapanda. Fatima anarudi kusikiliza. Tunadai kuwa hapa ndipo ulipo moyo wa usanii wa Shivji: tukio halituangukii ghafla, bali hutufikia kupitia mdomo wa mtu na sikio la mwingine. Mtazamaji wa Ngara au Biharamulo aliyelelewa kwa hadithi za jioni hahitaji kufundishwa namna ya kuitazama filamu kama hii. Hata aliyekulia kwenye kibanda cha video, ambako mfasiri huzungumza juu ya picha za kigeni kwa Kiswahili, anaujua usimulizi huo kwa njia yake. (Kibanda hakijapewa uzito wake katika uhakiki wetu wa filamu.)

Kwa hiyo Vuta N'kuvute (2021) inatutatiza. Riwaya ya Adam Shafi ina kurasa za kutosha kuzifuata harakati za Denge. Shivji na mwandishi mwenzake Jenna Bass wanalazimika kubana, na wanachagua mapenzi ya Denge na Yasmin katika Unguja ya miaka ya 1950. Uchaguzi huo hatuulaumu. Tunachohoji ni uzuri wa picha zenyewe. Giza, mwanga hafifu na kuta za Mji Mkongwe hukaa mbele yetu muda mrefu kuliko mabishano ya wanaharakati. Tunajua wanapinga ukoloni, lakini hatusikii vya kutosha wanavyotofautiana wao kwa wao. Msimuliaji amenyamazishwa na kamera. Ni Mwajuma, anayeigizwa na Siti Amina, anayeirudisha sauti. Kila aingiapo, kijiwe kinarudi pamoja naye.

Filamu hiyo ilikuwa ya kwanza ya Tanzania kuonyeshwa katika tamasha la Toronto, kisha ikateuliwa kuiwakilisha nchi kwenye tuzo za Oscar, ya pili baada ya Maangamizi ya mwaka 2001. Heshima hizo ni halali. Hata hivyo, watazamaji wa matamasha huvutiwa upesi na picha, na tunashuku kwamba ukimya wa Vuta N'kuvute umeandaliwa kwa ajili yao. T-Junction ingeweza kuchezwa kibandani Ngara bila mfasiri, na watu wakabaki kubishana baada ya taa kuwashwa.