Bunduki, Ziwa na Lugha: The Floods ya John Ruganda Mbele ya Msomaji wa Lambwe

Tamthilia ya John Ruganda, The Floods, iliyochapishwa Nairobi mwaka 1980, imehakikiwa mara nyingi kuwa ni picha ya Uganda chini ya utawala wa Idi Amin, na juu ya hilo hapana ubishi. Kuna kisiwa ziwani, kuna tangazo la redio kwamba mafuriko yanakuja, kuna mashua iliyoletwa kuwaokoa wakazi ambayo kwa kweli imeletwa kuwaangamiza. Bwogo ni mkuu wa kile chombo cha upelelezi kilichopewa jina la upole la ofisi ya utafiti. Nankya ni mwanamke msomi aliyekula matunda ya utawala huo kwa kuwa mpenzi wa Bwogo. Kyeyune ni mvuvi, na ziwa limemfundisha mambo ambayo Nankya hakuyapata chuoni. Wahakiki wameshughulika sana na dhamira ya udhalimu na unafiki wa wasomi. Lililowekwa kando ni suala la lugha, na hilo ndilo linalowahusu zaidi wafundishao Kiswahili: je, mchezo huu ungetafsiriwa, watu hawa wangesema Kiswahili gani?

Msomaji wa kufaa kuulizwa swali hili yuko karibu na ziwa lile lile, upande wa Kenya. Bonde la Lambwe limelala kati ya milima ya Gwasi na miinuko ya Kanyamwa, katika eneo ambalo leo ni Kaunti ya Homa Bay. Kwa muda mrefu mbung'o na ugonjwa wa malale waliwazuia watu wasijae bondeni. Sehemu yake ilitengwa kuwa hifadhi ya wanyama mwaka 1966, nayo ikawa Hifadhi ya Taifa ya Ruma mwaka 1983. Pembezoni mwake wanaishi watu wasemao Dholuo ambao wengi wao, wakihesabu mababu, hufika kwa Wasuba. Na baadhi ya Wasuba, wakiendelea kuhesabu, hufika Buganda.

Masimulizi ya Wasuba, ambayo mwanahistoria Henry Ayot aliyatumia katika kitabu chake cha mwaka 1979, hueleza kwamba mwishoni mwa karne ya 18 Kabaka Junju aliuawa katika uasi ulioongozwa na ndugu yake Semakokiro. Damu ya mfalme ilipomwagika watu walikimbia. Walipitia ziwani kwa mitumbwi, wakafika Mfangano na Rusinga, na baadaye wakaingia bara. Si koo zote za Wasuba zilizotoka huko. Nyingine zilikuja kutoka kusini, na umoja wa jina "Suba" ni jambo lililoundwa baadaye. Hata hivyo, ni simulizi hii ndiyo iliyotawala, na yafaa isomwe kama fasihi kabla haijasomwa kama ushahidi wa asili ya kabila. Inazungumzia mabadiliko ya utawala yanayofanywa kwa mkuki, na wanaosimulia si washindi bali ni waliokimbia. Katika simulizi hiyo mtumbwi ni uhai.

Ruganda ameigeuza sanaa hiyo chini juu. Ziwa ni lile lile, liwe Nalubaale kwa Waganda au Nam Lolwe kwa Wajaluo, lakini chombo kimekuwa mauti, na anayekataa kupanda ndiye aliye na nafasi ya kupona. Mtazamaji wa Kampala huenda akaona humo kejeli ya kisiasa tu. Mtazamaji wa Lambwe ataona simulizi ya mababu zake ikisaliwa kinyume. Hapa ndipo mchezo huu ulipo na nguvu kubwa, na ni ajabu kwamba uhakiki umepita kando.

Sasa lugha. Uganda ya 1966 hadi 1986 ilikuwa nchi iliyogawanyika ambamo jeshi lilishika usukani. Tarehe 24 Mei 1966 askari wa Obote, wakiongozwa na Amin, walishambulia kasri la Mengo. Mutesa II akakimbilia Uingereza, akafia London mwaka 1969. Januari 25, 1971 Amin akampindua Obote, na baada ya hapo askari wa Kiacholi na Kilango waliuawa kambini kwa sababu ya makabila yao. Jeshi hilo lilikuwa mrithi wa kikosi cha wakoloni cha KAR, na pamoja na bunduki lilirithi lugha ya kuamrisha: kile Kiswahili cha kambini kilichoitwa KiKAR. Upinzani dhidi ya lugha hii ulikuwa wa zamani. Gavana Gowers alipotaka kuieneza mwishoni mwa miaka ya 1920, Kabaka Daudi Chwa alipinga hadharani. Mwaka 1973 Amin aliitangaza kuwa lugha ya taifa baada ya wajumbe wa wilaya 12 kuichagua na wa wilaya 8 kuchagua Luganda. Walioichagua, aghalabu, waliikataa Luganda kwa kuogopa ukubwa wa Waganda. Kura ya lugha ilikuwa kura ya makabila. Nayo amri ile haikufuatana na walimu wala vitabu vya kutosha, hivyo raia wengi waliendelea kuifahamu lugha hii pale ilipowafikia kwanza, yaani kwenye kizuizi cha barabarani.

Ni kweli kwamba walioingia Kampala Aprili 1979 kumwondoa Amin, askari wa Tanzania, nao walisema Kiswahili, na Kiswahili kilitumika pia katika jeshi la Museveni lililoshika mji Januari 1986. Lakini hilo halivunji hoja. Mkandamizaji na mkombozi walisema lugha moja, na wote wawili walikuwa na bunduki.

Wataalamu wa Kiswahili wamezoea kusema kwamba lugha hii huunganisha makabila. Kauli hiyo imejengwa juu ya mfano wa Tanzania, ambako ilienezwa na shule, chama, gazeti na ushairi. Uganda inaonyesha kwamba lugha haiunganishi kwa sababu tu si ya kabila lolote. Mabadiliko ya katiba ya mwaka 2005 yaliifanya lugha rasmi ya pili, na mwaka 2022 Baraza la Mawaziri liliagiza ifundishwe shuleni kwa lazima. Kazi bado ni ile ile, kuitoa kambini na kuileta darasani.

Ruganda, mzaliwa wa Toro aliyefanya kazi miaka mingi Nairobi, aliandika kwa Kiingereza, na kwa njia hiyo alilikwepa tatizo. Katika Kiingereza chake muuaji, msomi na mvuvi wanasimama kwenye sakafu moja. Huu ni udhaifu wa mchezo, ingawa ni udhaifu uliousaidia kusafiri. Mfasiri wa Kiswahili hana kimbilio hilo. Akimpa Bwogo Kiswahili sanifu, amemvika ofisa huyo heshima ya mwalimu. Akimpa Kiswahili cha kambini, kisicho na upatanisho wa ngeli, atachekesha watazamaji wa Mombasa na kuwatia hofu wa Kampala, na vicheko vitaua mchezo. Na Kyeyune je? Kwa masikio ya Mganda aliyeyaona yale, mvuvi akisema Kiswahili cha aina yoyote atasikika kama mtu wa upande wa bunduki.

Hapa tena Lambwe inafaa kuzingatiwa. Wasuba wengi waliacha lugha yao bila kuamriwa na jeshi. Walioa wanawake wa Kijaluo, watoto wakafuata lugha ya mama, shule na Biblia vikaja kwa Dholuo. Rottland na Okombo walieleza mwendo huo katika utafiti wao uliochapishwa mwaka 1992. Amani ilipatikana, na gharama yake ikawa lugha. Tom Mboya, ambaye wazazi wake walitoka Rusinga, alikuwa Msuba kwa nasaba, lakini alipouawa Julai 5, 1969 taifa zima lilimlilia, au lilimwogopa, kama Mjaluo. Kwa watu waliopitia hayo Kiswahili si lugha ya mshindi. Ni lugha ya tatu: ya shule, ya mnada wa ng'ombe, ya kuuziana samaki na wageni. Ndicho Kiswahili kinachomfaa Kyeyune, chenye maneno ya ziwa na sentensi fupi, kisichojua maneno ya gwaride. Bwogo apewe sanifu kavu ya tangazo la serikali, kwa kuwa uovu wake ni wa ofisini zaidi kuliko wa kwata. Tofauti kati yao itasikika bila mtu kudhihakiwa.

Libaki jina la mchezo. Tafsiri ya haraka ni Mafuriko, neno la gazeti na la idara ya hali ya hewa, na kwa tangazo la redio lenyewe linatosha. Lakini kwenye jalada lafaa Gharika. Msikilizaji wa Kiswahili, awe Mwislamu au Mkristo, akisikia gharika humkumbuka Nuhu, na akimkumbuka Nuhu hujua kwamba aliyepanda chombo ndiye aliyeokoka. Ataingia ukumbini na matumaini hayo, na mashua ya Ruganda itamkuta hajajiandaa.