Sinema Isiyo na Msemaji

Katika Chronique d'un été ya 1961, Jean Rouch na Edgar Morin waliwauliza watu wa Paris iwapo wana furaha, nao wakajibu kwa lugha yao wenyewe. Lakini katika Les maîtres fous ya 1955, iliyopigwa Gold Coast, ambayo sasa ni Ghana, Waafrika walisemewa kwa Kifaransa na Rouch mwenyewe.

Flora M'mbugu-Schelling aliiondoa sauti ya namna hiyo. These Hands, sinema yake ya 1992 ya dakika 45, yaonyesha wanawake, wengi wao wakimbizi kutoka Msumbiji, wakiponda kokoto huko Kunduchi, Dar es Salaam. Hapana msimulizi, twasikia nyundo, mazungumzo na nyimbo. Mkulima wa Nduruma, chini ya Mlima Meru, hahitaji kuelezwa uchovu wa mikono ile.

Hatari ipo: mtazamaji aweza kuufurahia mdundo wa nyundo akausahau ufukara. Lakini picha hazina haraka; zatuweka mbele ya kazi hadi uzuri wa mdundo ututoke, ibaki kazi yenyewe. Hapo ndipo ukimya wa mtunzi unapokuwa heshima kwa wasemao.